Machozi ya kitunguu kwenye filamu zenu fupi

Jumapili, saa saba usiku

 

Mwenzangu wa kitanda cha juu anakoroma kama mashine ya kusaga ya pale Kakonko sokoni, na mi usingizi umegoma. Nina hasira toka Ijumaa. Kwa hiyo leo hakuna habari za foleni ya kantini wala za mtihani wa kushtukiza. Leo ni filamu. Mtanisamehe, na msiponisamehe basi.

Ijumaa jioni washikaji walionesha filamu yao fupi, ya dakika tisa. Jina lake silitaji, wala la waliotengeneza, maana tunakula meza moja na mmoja wao ananidai elfu tano. Inamhusu mama mkimbizi wa Kirundi, mahali Kakonko. Picha inaanza: mama anatembea, kasi imepunguzwa mpaka unadhani simu imekwama, ndoo kichwani, kinanda kinalia kwa mbali. Anafika, anakaa chini, analia. Mtoto anamuuliza mama mbona unalia. Mama anajibu, nanukuu: "Nina huzuni sana, mwanangu." Kinanda kinaongezeka. Zinasikika risasi (sauti tu, bajeti haikuruhusu bunduki), mama analia. Linakuja gari jeupe, anashuka kijana mwenye kizibao, kashika blanketi, anamfunika mama mabegani. Mama analia tena, safari hii kwa furaha. Halafu giza, na maandishi meupe yanatuomba tuwe na utu.

Ukumbi ukapiga makofi. Kila mtu: "Dah, inasikitisha." Mi nilikuwa naangalia saa. Haikufika dakika mbili mstari wetu mzima ulikuwa umeinamia simu kutafuta matokeo ya mpira, na yule dada wa pembeni yangu, aliyesema inasikitisha kwa sauti kubwa kuliko wote, akauliza kama chipsi za getini bado zipo.

Sasa kinachoniuma ni hiki. Ile hadithi niliwapa mimi.

Mwaka 2015 Burundi ilipochafuka, baada ya Nkurunziza kutaka muhula wa tatu, watu walimiminika Kigoma. Nyarugusu kule Kasulu ikafurika. Nduta ya Kibondo ikafunguliwa tena Oktoba mwaka huohuo, na Januari 2016 ikafuata Mtendeli, ambayo ilikuwa kwetu kabisa, wilaya ya Kakonko. Mi nilikuwa shule ya msingi. Kulikuwa na mama mmoja wa Kirundi aliyekuwa anakuja kulima kibarua kwenye shamba letu la maharage. Kiha na Kirundi ni ndugu wa tumbo moja, kwa hiyo yeye na mama yangu walikuwa wanapiga soga toka asubuhi mpaka jua la utosi, na sisi watoto tunasikia kila kitu huku tunajifanya tunapalilia.

Usiku aliokimbia alikuwa amebandika maharage. Alitoka nje mara moja kuchukua kuni, akasikia alichosikia, akakusanya watoto, hakurudi ndani. Basi kila akija kwetu habari ilikuwa ni hiyo sufuria. "Hivi unadhani nani aliyaepua?" anamuuliza mama. "Au yaliungua?" Na wanacheka! Wanacheka mpaka majembe yanaanguka. Mama yangu anasema labda yaliiva vizuri tu, wakayala wenyewe waliokuja. Halafu ghafla kicheko kinakatika. Yule mama anataja jina la jirani yake, mtu aliyeonesha nyumba yao kwa kidole, anatema mate pembeni, anasema huyo ndo aliyekula. Kuanzia hapo jembe linashuka kwa nguvu mpaka udongo unaturukia sisi wa mstari wa nyuma.

Kulia? Sijawahi kumuona akilia. Aliyelia ni mimi, tena miaka mingi baadaye. Mwishoni mwa 2021 Mtendeli ilifungwa, watu wakahamishiwa Nduta. Siku chache baada ya hapo nikamkuta mama yangu jikoni kabandika maharage, kasimama tu anayaangalia, mwiko mkononi, hakorogi.

Hiyo ndo hadithi niliyowapa. Nikawasimulia usiku kucha, nikawaigizia mpaka kutema mate. Wakatoa sufuria. Wakatoa kicheko. Wakatoa jirani na mate yake. Wakabakiza machozi ambayo hata hayakuwepo.

Na mnazi! Jamani, nyuma ya yule mama, dakika ya nne, kuna mnazi. Walipiga picha huku huku Pwani kwa sababu ya nauli, nawaelewa, hata mi nauli ya kwenda nyumbani inanitoa jasho. Lakini mnazi Kakonko? Kule ni nyanda za juu, asubuhi unavaa koti. Wenzangu wawili wa Kibondo waliangua kicheko ukumbini, na hicho ndo kitu pekee cha kweli kilichotokea jioni ile.

Basi nilipomuuliza mwongozaji, alinijibu kwa upole kabisa. Sufuria hadhira isingeielewa. Kicheko kingeharibu hali. Na ile hasira, we mwenyewe unajua, majaji wa mashindano wanapenda mkimbizi mwenye shukrani. Akamalizia: "Hii kitu ni ya hisia, mwanangu. Lengo watu walie."

Haya. Tuzungumze hisia basi, maana kuna watu waliwaza jambo hili miaka kama elfu mbili kabla ya sisi kununua simu zenye kamera.

Najua mnachofikiria nikisema Wahindi na hisia. Mnafikiria kuimba kwenye mvua, mzazi aliyepotea, kofi moja linaoneshwa mara tatu kwa pembe tatu. Subirini. Kuna kitabu cha kale cha Kisanskriti kinaitwa Natyashastra, wanakinasibisha na mtu aitwaye Bharata, na wataalamu wengi wanakiweka kati ya karne ya pili kabla ya Kristo na karne ya pili baada yake. Ni kitabu cha jukwaa: jinsi ya kujenga ukumbi, kutembea, kugeuza shingo, kutumia macho, ngoma, nyimbo. Maktaba nilikuta tafsiri ya Kiingereza ya Manomohan Ghosh, ina vumbi la kutosha kuotesha mchicha. Sura ya sita ndo imenikalisha macho wiki nzima. Inahusu rasa.

Rasa maana yake ni maji ya tunda, utomvu, ladha. Na Bharata anaielezea kwa mfano wa jikoni. Mpishi anachukua viungo tofauti, kila kimoja na ukali wake, anaviunganisha, inatoka ladha moja ambayo haikuwepo kwenye kiungo chochote peke yake. Ndivyo na mchezo. Mbele ya mtazamaji unaweka vitu vya aina tatu. Kwanza visababishi: nani, wapi, kitu gani kilichozua jambo. Pili dalili: mtu anafanya nini, mkono unakwenda wapi, sauti inakuwaje. Tatu hisia za kupita, ambazo yeye kazihesabu 33: aibu, wivu, uchovu, wasiwasi, kiburi, kumbukumbu na kadhalika, zinakuja na kuondoka kama wageni wa msibani. Vikichanganyika vizuri, mtazamaji anaonja. Zingatia: anayeonja ni mtazamaji. Ladha haimo kwa mwigizaji. Sufuria haionji mchuzi.

Rasa zenyewe kazitaja nane: mapenzi, kicheko, huzuni, ghadhabu, ushujaa, hofu, kinyaa na mshangao. Baadaye ikaongezwa ya tisa, utulivu, na mtetezi wake mkubwa ni Abhinavagupta wa Kashmir, kama mwaka 1000 hivi. Huzuni inaitwa karuna. Ghadhabu inaitwa raudra. Shikeni majina hayo mawili.

Na machozi je? Machozi kwa Bharata ni moja tu kati ya dalili nane za mwili zinazokuja zenyewe. Nyingine ni kuganda, jasho, kusisimka nywele, sauti kubadilika, kutetemeka, rangi ya uso kugeuka, na kuzimia. Moja kati ya nane! Sisi tumechukua hiyo moja tukaifanya filamu nzima. Ni sawa na mtu anakukaribisha pilau, unafika, kakuwekea sahani ya iliki.

Halafu kuna Anandavardhana, naye wa Kashmir, karne ya tisa. Huyu alisema kitu ambacho ningependa kichongwe kwenye kila kamera ya kukodi hapa chuoni. Kwamba rasa haipatikani kwa kuitaja jina. Ukisema "huzuni" hujamhuzunisha mtu, umemfundisha msamiati. Inatakiwa ije kama mwangwi: unasikia kengele, halafu baada ya kengele kuna kitu kinaendelea kulia, na hicho ndo chenyewe. Waliomfuata wakaliweka kabisa kwenye orodha ya makosa ya utunzi, kuitaja hisia kwa jina lake. Kumbukeni sasa: "Nina huzuni sana, mwanangu." Miaka elfu moja na zaidi, kosa lilishaandikwa, na bado tumelipigia makofi.

Lakini hayo ni madogo. Kubwa liko kwenye mistari michache ambayo Bharata anaieleza kama ukoo. Anasema rasa zina uzazi. Kicheko huzaliwa na mapenzi. Mshangao huzaliwa na ushujaa. Hofu huzaliwa na kinyaa. Na karuna huzaliwa na raudra.

Huzuni ni mtoto wa ghadhabu.

Nilisoma hapo nikafunga kitabu nikatoka nje. Maana ndo yule mama na jembe lake! Kabla hujafika kwenye huzuni ya mtu kuna kitendo cha kikatili kilichotendwa na mtu mwenye jina, mwenye kidole. Aliyepoteza nyumba hakunyeshewa na mvua. Kuna aliyeonesha nyumba. Ukiiondoa hiyo ghadhabu, ya aliyetenda na ya aliyetendewa, unabaki na huzuni isiyo na mama wala baba, yatima, na kazi pekee ya mtazamaji ni kuihurumia, kuifunika blanketi na kwenda kula chipsi. Ndo maana hatukuonja kitu Ijumaa. Hatukuwa na roho mbaya, jamani. Tuliletewa mchuzi ambao haukupita motoni.

Sasa mtasema filamu fupi haina muda wa kuweka yote hayo. Dakika tisa! Nilikuwa nawangoja hapo.

Mwaka 1964 Satyajit Ray wa Kolkata, yule wa Pather Panchali, alitengeneza filamu inaitwa Two. Nyeusi na nyeupe, kama dakika 12 hivi, hakuna mtu anayesema neno hata moja. Mtoto wa kitajiri yuko peke yake kwenye jumba, kazungukwa na midoli, ana soda mkononi. Anasikia filimbi nje. Anachungulia dirishani, chini kuna mtoto maskini, kando ya kibanda chake, anapuliza filimbi. Wa juu anachukua tarumbeta lake la kuchezea, anaipiga kuifunika filimbi. Wa chini anarudi na ngoma. Wa juu anatoa nyani wa betri anayepiga ngoma. Wa chini anakuja na kinyago, wa juu anavaa vinyago, anatoa panga, anatoa bunduki. Kila mara wa chini anashindwa, anaondoka. Halafu wa chini anarusha kishada. Kishada kinapanda mpaka usawa wa dirisha. Na mtoto wa kitajiri kwenye midoli yake yote hana cha kujibu. Anajaribu kwa manati, anakosa. Basi anachukua bunduki ya upepo, analenga, anakipiga.

Huyo mtoto wa chini anavuta uzi, anapokea kishada kilichochanika. Ray anatuonesha uso wake kidogo tu. Hakuna kinanda cha kutubembeleza tulie.

Mi nilitaka kuvunja kompyuta. Hiyo ni raudra, na ilinipata mimi, siyo yule mtoto. Na nyuma yake tu, ikitembea kwenye nyayo zake, karuna. Mzazi na mtoto, mlango mmoja. Hisia za kupita umezihesabu njiani bila kujua: majivuno, wivu, aibu, ukaidi. Visababishi ni dirisha na urefu wa ghorofa. Na hujamaliza, kwa sababu yule wa juu anarudi kwenye midoli yake, anaiwasha yote, na katikati ya makelele hayo filimbi inasikika tena kutoka nje. Anakaa anasikiliza. Hicho ndo alichokiita Anandavardhana mwangwi. Dakika 12, bila neno.

Tena huyo huyo Ray kwenye Pather Panchali, 1955, baba anarudi safari na zawadi, kaleta na sari ya binti yake, hajui kuwa binti amekufa. Mama anapasuka kulia. Lakini kilio chenyewe hatukisikii, mahali pake panasikika ala ya muziki tu, juu kabisa, inakwaruza. Mwenye kipaji anaondoa kilio hata pale kinapostahili. Sisi tunakiweka hata pale ambapo hakikuwepo.

Najua kuna mtu hapa atasema, kwa nini Wahindi? Tuna yetu. Sawa kabisa, na yetu inakubaliana nao. Mliokulia kwenye mabanda ya video mnajua. Pale kwetu banda lilikuwa la mabati, mabenchi ya mbao, jenereta nje linanguruma, shilingi mia mbili unaingia. Muvi ya Kihindi, na juu yake sauti ya msimulizi anayekuelezea kwa Kiswahili: Lufufu na wenzake. Kenya wana DJ Afro. Wasomi wengine wanadharau eti wanaharibu filamu. Lakini mtafiti mmoja Mjerumani, Matthias Krings, alipoandika kuhusu hawa wasimulizi wa Tanzania makala yake aliipa jina la kugeuza wali kuwa pilau. Pilau! Bharata angeshuka benchi akampa mkono. Msimulizi alikuwa anajua banda limechoka lini, anaweka kicheko hapo. Alikuwa anajua lini anyamaze. Na alikuwa hakubali hata siku moja ulie kabla hujamchukia adui ipasavyo.

Chukueni Sholay ya 1975. Ni ndefu zaidi ya saa tatu, lakini kile kipande cha familia ya Thakur kuuawa kinasimama chenyewe kama filamu fupi. Familia iko uani, maisha ya kawaida, utani. Anakuja Gabbar. Baadaye Thakur anarudi nyumbani na zawadi, anakuta maiti zimefunikwa shuka, na upepo unazifunua. Upepo! Banda zima lilikuwa kimya, na lile jenereta tu nje. Watoto tulitoka pale tumekunja ngumi, na machozi yako humo humo. Mnaona ulivyo ule ukoo? Bila Gabbar zile shuka ni shuka tu.

Hapo sasa nitoe na upande wa pili, msije mkaniambia nimesilimu kwa Bharata. Yule mzee ana ubaya wake. Ushujaa kaupa watu wa daraja la juu. Hofu kaiweka zaidi kwa wanawake na watu wa chini. Kicheko pia anasema kinaonekana zaidi kwao. Jukwaa lake lilikuwa na wafalme, na watumishi wa kuwatetemekea. Hilo ni la kutupa jalalani. Lakini angalieni nani kalitupa na nani kaliokota. Kwenye ile filamu ya Ijumaa, ushujaa wote kapewa kijana wa kizibao. Kafanya nini? Kashuka kwenye gari! Mama aliyetembea usiku na watoto mpaka akavuka mpaka kapewa kutetemeka. Mmemwacha Bharata mwenye dawa mkamchukua Bharata mwenye ugonjwa.

Na inawezekana vingine, wanafunzi kama sisi wameshafanya. Watu Wote ya 2017 ilikuwa kazi ya kumalizia masomo ya wanafunzi wa Hamburg Media School, mwongozaji Katja Benrath, imepigwa Kenya, wanaongea Kiswahili na Kisomali, dakika 22. Ikafika mpaka kwenye wateule wa Oscar wa 2018. Imetokana na basi lililovamiwa na Al-Shabaab kaskazini mashariki mwa Kenya, karibu na Mandera, Desemba 2015, pale abiria Waislamu walipokataa kutengwa na Wakristo. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi, akafariki Januari 2016. Angalieni walivyopika. Mhusika mkuu ni mwanamke Mkristo, na hawakumfanya malaika. Ana hasira. Anawakwepa Waislamu ndani ya basi kwa sababu ya yaliyoikuta familia yake. Raudra imo kifuani mwake kabla bunduki haijatokea. Na ushujaa ukija unatoka kwenye viti vya abiria: mwalimu, akina mama, vitambaa vinavyopitishwa mkono kwa mkono kumsitiri mtu. Hakuna anayeshuka kwenye gari jeupe.

Ina kasoro zake, na mtu anaweza kuuliza kwa nini mpaka Hamburg. Ulizeni. Mi nauliza pia. Ila kumbukeni na Pumzi ya Wanuri Kahiu, Mkenya, 2009, dakika kama 21: dunia imekauka, msichana ana mche mmoja na maji kidogo, anatoka nao jangwani. Mle ndani hakuna anayekwambia maji ni uhai. Unaona tu jasho, na unajua linakwenda wapi.

Narudi kwa rafiki yangu mwongozaji, maana hasira yangu si ya kumkomoa. Neno lake kwamba majaji wanataka mkimbizi mwenye shukrani linawezekana ni la kweli, na hapo ndo penye tatizo. Kigoma tumepigwa picha miaka na miaka. Nyarugusu ipo toka 1996, watu wamezaliwa mle ndani wakazaa. Kila kamera inayopanda ule mlima inakuja kuchota kitu kimoja tu, karuna, inaondoka nayo kama wanavyobeba asali. Sisi wenyeji tuko nyuma ya picha, tunapita na baiskeli. Warundi wako mbele, wanalia. Hakuna anayerekodi wakitaniana na mama yangu. Na hakuna anayerekodi wakimtaja jirani, kwa sababu mtu mwenye hasira anataka haki yake, na ukishamuonesha hivyo blanketi halitoshi.

Huyo Abhinavagupta alizungumza pia juu ya mtazamaji. Anataka mtu mwenye moyo unaolingana na wa yule anayemtazama. Na alihesabu vizuizi saba vinavyoziba ladha. Kimoja ni jambo lisiloaminika (mnazi!). Kingine ni pale mtazamaji anapozama kwenye hisia zake mwenyewe, anafurahia jinsi alivyo na huruma. Tulipiga makofi Ijumaa. Tulikuwa tunampigia nani?

Basi, wadau. Alhamisi saa mbili usiku chumbani kwangu tunaangalia Two, nimeshaipakua, spika nimeazima kwa jirani. Chumba kinabeba watu kumi wakikaa kwa adabu. Sukari mje nayo, chai ipo.

Nimemwalika na mwongozaji. Nilimtumia ujumbe mrefu, karibu hayo yote hapo juu, nikategemea matusi. Kajibu nusu saa iliyopita: "Nitakuja. Hivi yule mama, akishataja jina la jirani, alikuwa anatema mate kabla hajainua jembe au baada?"

Mi nilidhani nakumbuka. Asubuhi nitampigia mama nimuulize.